Asiyefika Barazani: Linafutwa Shauri au Inafutwa Haki?

 

Suala tunalotaka kulitazama ni dogo kwa sura, lakini limewapotezea watu haki nyingi. Mtu amefungua daawa. Tarehe ya kusikilizwa imefika, jina lake limeitwa mlangoni, hakuitika. Hakimu anaandika mstari mmoja katika jalada kuwa daawa imefutwa kwa sababu mdai hakuhudhuria, kisha linaitwa jalada la pili. Au kinyume chake: mdai yupo, mdaiwa ndiye asiyekuja, na shauri likasikilizwa upande mmoja. Je, mambo haya yana asili katika sheria ya Kiislamu, au tumeletewa na wakoloni pamoja na joho la jaji?

Nimesikia majibu mawili kutoka kwa wenzetu, na yote mawili husomeshwa mbele ya wanafunzi kana kwamba hayana mpinzani. La kwanza linasema: kadhi hahukumu mpaka mahasimu wawili wakae mbele yake, na kila kilicho kinyume cha hivyo ni kanuni ya Kizungu. La pili linasema: kufuta daawa ya asiyehudhuria ndiyo fiqhi yenyewe, kwani fuqahaa wamemtambulisha mdai kuwa ni yule ambaye akiacha kudai huachwa. Huyu ameacha, basi naye aachwe. Nionavyo mimi, wa kwanza amesoma nusu ya mlango akafunga kitabu, na wa pili ameshika tamko akaiacha maana yake.

Tuanze na Qur'ani. Katika Suratun Nur, kuanzia Aya ya 48, Mwenyezi Mungu (s.w.t.) anawataja watu ambao wakiitwa waende kwa Mtume awahukumu baina yao, kundi katika wao hugeuka, na haki ikiwa upande wao, huja mbio wakijifanya watiifu. Kisha zinafuata sifa za waumini, ambao jibu lao wanapoitwa ni kusikia na kutii. Hapa ndipo wanavyuoni walipochukua kuwa kuitika wito wa kadhi ni wajibu, na anayekataa bila ya udhuru ameasi. Lakini tazama lawama imewekwa juu ya nani. Imewekwa juu ya aliyeitwa, wito ukamfika, akageuka kwa hiari yake. Hakulaumiwa ambaye wito haukumfika, wala mgonjwa, wala aliyekosa nauli. Tofauti hiyo ndiyo msingi wa mlango mzima, na ndiyo inayopotea katika ule mstari mmoja wa hakimu.

Wanaosema kuwa hakuna hukumu juu ya asiyekuwepo wanayo dalili, tena nzito. Imepokewa na Abu Daud na Tirmidhi kuwa Mtume (s.a.w.) alipomtuma Sayyidna Ali (r.a.) Yemen akiwa kadhi, alimuusia asimhukumie hasimu wa kwanza mpaka amsikie na wa pili. Wakaongeza kisa cha Nabii Daudi (a.s.) katika Sura Sad, ambapo baadhi ya wafasiri wamesema kuwa alichotakia maghfira ni kutamka hukumu baada ya kusikia maneno ya mmoja tu. Juu ya haya wamesimama Mahanafi, na mwenye Al-Hidaya, Marghinani, aliyefariki mwaka 593 Hijria, amelieleza jambo hilo waziwazi: kadhi hahukumu juu ya ghaibu ila awepo mtu wa kusimama mahali pake.

Upande wa pili wamesimama Mashafi, Mamaliki na wengi katika Mahanbali, na dalili yao mashuhuri ni hadithi ya Bibi Hindu binti Utba. Alimshitakia Mtume (s.a.w.) kuwa mumewe Abu Sufyani ni mtu mgumu wa mali, hampi ya kumtosha yeye na watoto wake. Mtume akamruhusu achukue katika mali yake kiasi cha kumtosha yeye na wanawe kwa wema. Imamu Bukhari ameiweka hadithi hii katika mlango wa kuhukumu juu ya ghaibu, na kwa watu wengi mjadala umeishia hapo: Abu Sufyani hakuwepo barazani, na hukumu ikatolewa.

Hapa nataka wanafunzi watulie kidogo, kwa sababu hapa ndipo tunapoona namna wakubwa wetu walivyokuwa wakizipima dalili zao wenyewe. Imamu Nawawi, naye ni nguzo ya madhehebu yanayojuzisha hukumu juu ya ghaibu, katika sherehe yake ya Sahihi Muslim amekataa hadithi hii kuwa dalili ya suala hilo. Hoja yake ni kuwa kisa kilitokea Makka, na Abu Sufyani alikuwa yupo Makka. Hakuwa safarini, wala hakuwa amejificha, wala hakukataa kuja, hakuitwa tu. Na madhehebu yanasema kuwa aliye mjini na anaweza kuitwa, hahukumiwi bila ya kuitwa. Basi lile halikuwa hukumu, bali lilikuwa fatwa: mwanamke aliuliza akajibiwa.

Tazama insafu hii! Mtu anaikataa dalili iliyomo upande wake kwa sababu ameiona haibebi mzigo aliobebeshwa. Sisi leo mwanafunzi akiokota hadithi moja inayoafiki rai ya shekhe wake, hailetei tena swali. Na faida ya maneno ya Nawawi si ya historia tu. Wanaotetea kusikiliza upande mmoja kwa haraka, mdaiwa akiwa mtaa wa pili na karatasi ya wito haijulikani imeishia wapi, hutaja hadithi ya Bibi Hindu. Imamu wa madhehebu yao amekwisha waambia kuwa hadithi hiyo haiwafai.

Sasa tuje kwenye Minhaj at-Talibin, kitabu ambacho darsa zetu za pwani zimekua nacho. Lazima tuseme ukweli: wengi wetu tumekisoma mpaka milango ya ibada, biashara na ndoa, na milango ya ukadhi ikabaki mwishoni mwa kitabu bila ya kufikiwa. Mwanafunzi anatoka hajui Nawawi amesema nini juu ya wito. Majaji wa Kiingereza, kwa upande wao, walikuwa na tafsiri ya E. C. Howard iliyochapishwa London mwaka 1914, ambayo nayo haikutoka katika Kiarabu bali katika Kifaransa cha Van den Berg, yaani maji yaliyopita katika vyombo viwili. Kwa hiyo kitabu kimoja kilikuwa na wasomaji wa namna mbili, na milango hii ikakosa wa kuifafanua vizuri katika pande zote mbili.

Anayosema Nawawi, kwa maana yake, ni haya. Mtu akiomba msaada wa kadhi juu ya hasimu aliyepo mjini, kadhi humwita kwa kumpelekea alama ya muhuri wa udongo mbichi au kinginecho, au kwa mtu aliyepangiwa kazi hiyo. Akikataa bila ya udhuru, huletwa na askari wa mtawala na hutiwa adabu. Ule muhuri wa udongo ndiyo samansi ya zamani: mdai huenda nao, humwonyesha hasimu wake, na hasimu hujua kuwa kadhi anamwita. Wito ulikuwa kitu cha kushikwa mkononi na kuonwa kwa macho, si dhana.

Kisha anamgawa asiyekuwepo. Aliye mbali ni yule ambaye lau angetoka alfajiri kuja kwa kadhi asingeweza kurudi kwake usiku wa siku hiyo. Huyu ushahidi husikilizwa juu yake na huhukumiwa. Kuna kauli nyingine inayoweka umbali wa kupunguza Sala. Aliye karibu kuliko hapo ana hukumu ya aliyepo: hausikilizwi ushahidi juu yake wala hahukumiwi mpaka aje, isipokuwa amejificha au amejitutumua akakataa. Na hata kwa yule wa mbali, hukumu haitolewi kwa maneno matupu ya mdai. Anatakiwa alete ushahidi, kisha juu ya ushahidi huo aapishwe kuwa haki yake bado imo katika dhima ya ghaibu, hakulipwa wala hakusamehe. Hiki ndicho kiapo kinachoitwa yamini ya istidhhari. Maana yake iko wazi: lau ghaibu angekuwepo, huenda angesema "nimekwisha kulipa". Kwa kuwa hayupo wa kuyasema, kadhi anayasema kwa niaba yake kwa kumwapisha mdai.

Hebu mtu aniambie, katika mashauri ya upande mmoja yanayosikilizwa leo, ni mangapi ambayo mdai huapishwa kiapo hicho cha pili baada ya ushahidi wake? Kile kiapo cha kila shahidi, cha kusema kweli, ni kitu kingine.

Mamaliki nao wameyapanga masafa daraja tatu, na wakawa wakali zaidi katika ardhi na majumba: ghaibu wa masafa ya kati, kiasi cha siku kumi, hahukumiwi katika kumwondolea milki ya ardhi, ingawa huhukumiwa katika mengineyo. Ama Mahanafi, ambao tumeona wanakataa, maisha yaliwalazimisha watafute njia, wakawa na wakala wa kuwekwa na kadhi ili asimame mahali pa anayejificha. Dola ya Uthmania ilipoandika Majalla baina ya 1869 na 1876, jambo hili likawekewa vifungu. Katika kifungu cha 1834 mdaiwa aliyekataa kuja wala kuleta wakala huitwa mara tatu katika siku mbalimbali. Akizidi kukataa hujulishwa kuwa atawekewa wakala na daawa itasikilizwa. Asipokuja hata hapo, ndipo kadhi humteua mtu wa kuzilinda haki zake, na shauri likaendelea. Na akija baadaye na utetezi wenye maana, husikilizwa. Angalia kuwa madhehebu mawili yaliyoanza mbali mbali yamekutana penye jambo moja: asiyekuwepo lazima awe na anayemsemea, ama kiapo, ama wakala.

Hapa linaanguka jibu la kwanza. Kuhukumu juu ya asiyekuja si uzushi wa Kizungu, bali ni mlango uliotungiwa masharti na wanavyuoni wetu karne nyingi kabla ya Mzungu kufika Zanzibar au Mombasa. Anayetaka kulaumu, na alaumu kuachwa kwa masharti.

Tuje kwa mdai asiyehudhuria, nalo ndilo gumu zaidi. Ni kweli kuwa fuqahaa wamesema mdai ni yule asiyelazimishwa kuhasimu akiacha, na mdaiwa ni yule anayelazimishwa. Lakini tamko hili limekuja kumtofautisha huyu na yule, ili ijulikane nani ana mzigo wa ushahidi na nani ana kiapo. Halikuja kueleza nini kinaipata haki ya mtu siku asipokuja. Kusema kuwa mdai "huachwa" ni kusema kuwa kadhi hamtumii askari wamburure aje adai chake. Ama haki yenyewe, haiondoki katika dhima ya mwenye kudaiwa ila kwa kulipwa, au kusamehewa, au kusuluhishwa, na mfano wa hayo. Kutofika mlangoni Jumatatu moja saa tatu si mojawapo. Hakuna kitabu cha Kishafi ninachokijua kilichohesabu kukosa kikao kuwa ni katika mambo yanayolifuta deni.

Kanuni tulizonazo zimefuata njia nyingine, na mwenye kutaka kuzikosoa lazima azijue. Asili yake katika nchi zetu ni Sheria ya Mwenendo wa Madai ya India ya mwaka 1908, katika Amri yake ya 9. Tanzania Bara ilitunga sheria yake mwaka 1966, nayo ni binti wa ile ya India. Kenya ina Kanuni za 2010, na mambo haya yamo katika Amri ya 12. Humo imepambanuliwa hivi: siku ya shauri wasipokuja wote wawili, mahakama inaweza kulifuta, na mdai ana njia ya kufungua upya maadamu muda wa sheria haujapita. Lakini akija mdaiwa peke yake, na asikubali daawa, shauri hufutwa isipokuwa iwepo sababu nzuri ya kuandikwa. Na likifutwa hivyo, mdai hana ruhusa ya kufungua daawa mpya kwa jambo lile lile. Mlango pekee uliobaki ni kurudi kuomba ufutaji uondolewe, naye aieleze mahakama kwa nini hakufika.

Kwa mujibu wa fiqhi, sehemu ya kwanza haina tatizo. Jalada ni karatasi ya kadhi, na kadhi ana haki ya kupanga karatasi zake. Sehemu ya pili ndiyo yenye utata, kwa sababu humo kutohudhuria kumegeuzwa kuwa kama hukumu ya kushindwa, na mtu ambaye hajasikilizwa hata neno moja anaambiwa suala lake limekwisha. Linganisha na ulivyo utaratibu katika baadhi ya nchi za Kiarabu, nayo ni istilahi wanayoiita shatbu, yaani kupiga mstari: daawa hutolewa katika orodha, na muda ukipita bila ya mdai kuiomba irudishwe, huhesabiwa kama haikuwahi kufunguliwa. Kitu ambacho hakikuwahi kufunguliwa hakimzuii mtu kukifungua. Saudia, katika nidhamu yake ya mwenendo wa mahakama za sheria ya mwaka 2013, imefuata mwendo huo. Siusemi utaratibu huo kuwa umekamilika, ila umetenga baina ya karatasi na haki.

Mtu asifahamu kuwa tunampendelea mdai. Mdaiwa naye ana haki, na wengi husahau kuwa kumfungulia mtu daawa kisha usije ni aina ya kumdhuru. Mvuvi anayeacha bahari kila mara aende barazani, akifika anaambiwa mdai hayupo, shauri limeahirishwa mpaka mwezi ujao, huyo anadhulumiwa kwa jina la sheria. Na kanuni ya kutodhuru wala kulipizana madhara inamlinda yeye kama inavyomlinda mwenzake. Tena sheria yetu inajua mambo ya kuweka ajali. Katika barua mashuhuri ya Sayyidna Umar (r.a.) kwa Abu Musa al-Ash'ari, ambayo Ibnul Qayyim ameifafanua kwa urefu katika I'lamul Muwaqqi'in, kadhi anaagizwa amwekee muda mwenye kudai haki au ushahidi usiokuwepo; akiuleta ndani ya muda hupewa haki yake, na asipouleta hukumu humwelekea. Ibnu Hazm ameitilia shaka isnadi ya barua hiyo, lakini wanavyuoni wengi wameipokea na kuifanyia kazi. Basi kufika mwisho kupo. Ila ajali huwekwa kwa mtu aliyekuwepo akaambiwa, na hupimwa kwa hali yake.

Mpaka hapa huenda msomaji akasema: tatizo liko wapi? Likifutwa shauri, si aombe lirudishwe? Mahakama hazikatai sababu ya kutosha. Ni kweli, na makadhi wengi ni watu wa huruma. Lakini mwenye kusema hivi anafikiri juu ya deni la duka, ambalo likichelewa mwaka linabaki vile vile. Mashauri yanayojaa katika mahakama za kadhi si ya duka. Ni ya talaka, nafaka, faskhi na mirathi, na wanaoyafungua kwa wingi ni wanawake.

Chukua nafaka. Nafaka ya mke, katika madhehebu ya Imamu Shafi, ni deni juu ya mume. Siku zikipita bila ya kulipwa hazipotei, zinajumlishwa. Nafaka ya mtoto haiko hivyo. Nayo ni katika nafaka za jamaa, na Nawawi ameeleza katika Minhaj kuwa hupotea kwa kupita siku zake, wala haigeuki kuwa deni, isipokuwa kadhi ameifaradhisha, au ametoa idhini ya kukopa kwa sababu baba ghaibu au amezuia. Sababu yake ni kuwa nafaka hii ni ya kuziba haja, na haja ya jana imekwisha pita na jana. Mtoto ameshinda na njaa, au amelishwa na mjomba wake. Hakuna cha kumdai baba tena.

Sasa liunganishe na ufutaji. Mama amefungua daawa ya nafaka ya watoto katika mwezi wa Shaabani. Baba anahudhuria, anakana, shauri linaahirishwa. Katika Shawwali, siku ya kikao, mtoto mmoja ana homa, mama yuko zahanati. Baba yupo barazani. Daawa inafutwa. Mama anapata habari baada ya wiki, anatafuta wa kumwandikia ombi, anatafuta ada, na jalada linarudishwa Muharramu. Kwa deni la duka hakuna kilichopotea ila muda. Kwa mtoto huyu, miezi yote hiyo imekwenda moja kwa moja, kwani kadhi hakufaradhisha chochote wala hakutoa idhini ya kukopa. Baba amefaidika na homa ya mwanawe. Na mtoto, ambaye ndiye mwenye haki, hakukosa kikao chochote, kwa sababu hakuitwa.

Hili ndilo ninalowalaumu kwalo wenye jibu la pili. Wamesema "ameacha, aachwe", wala hawakuuliza aliyeacha ni nani na iliyoachwa ni haki ya nani. Mama katika shauri hili ni msimamizi tu. Na vivyo hivyo mirathi: mlezi wa mayatima akikosa tarehe, yatima hawakukosa. Msimamizi hana mamlaka ya kuisamehe haki ya mtoto kwa ulimi wake waziwazi, seuze kuipoteza kwa kutofika. Na kadhi, kwa itifaki, ni walii wa asiye na walii. Akimwona msimamizi amelegea, kazi yake ni kumsimamisha mwingine, si kumfungia yatima mlango.

Kuna nukta nyingine inayowahusu ndugu zetu wa Kenya. Katiba ya 2010, Ibara ya 170, inazipa Mahakama za Kadhi mamlaka katika hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi, pale wahusika wote wanapokuwa Waislamu na wakakubali mamlaka ya mahakama hizo. Mume anayekimbia wito anaweza kuja baadaye akasema hakupata kukubali. Kifiqhi, hoja hii haina uzito: Muislamu haulizwi kama anaikubali sheria, na ile Aya ya Suratun Nur imekwisha mtaja anayekuja haki ikiwa yake na kugeuka ikiwa ya mwenziwe. Kikatiba ni mambo ya mawakili, na sisi hatuyaingilii. Ila ni juu ya makadhi kuandika katika jalada namna wito ulivyomfika na alivyojibu, kwa sababu mtu aliyewahi kuleta utetezi wake kwa hati kisha akakimbia si sawa na ambaye hakupata kuonekana kabisa.

Tanzania Bara mambo ni tofauti. Kadhi aliyerejeshwa na Waislamu wenyewe mwaka 2012 hana askari wa kumleta mtu, wala hukumu yake haina nguvu ya dola. Anayekataa kuja, hakuja. Hata hivyo Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 imeacha dirisha: kifungu cha 101 kinataka wanandoa wapite kwanza kwenye baraza la usuluhishi kabla ya mahakama kupokea ombi la talaka, lakini kinamtoa katika sharti hilo aliyelalamikiwa na mwenzake akaitwa barazani akakataa kusudi kuhudhuria. Mashekhe wanaokaa katika mabaraza hayo misikitini wasiwarudishe wanawake nyumbani mara ya tano na ya sita wakimsubiri mume aliyekwisha sema mbele ya watu kuwa haji. Waandike kuwa ameitwa, tarehe kadhaa na kadhaa, akakataa. Karatasi hiyo ina kazi.

Ninayoyaomba kwa makadhi na wanaoketi katika mabaraza ni mambo yaliyomo vitabuni mwetu, hayahitaji kutungwa upya. Kabla ya kuandika "hakuhudhuria", iulizwe na ijibiwe katika jalada: wito ulimfika nani, mkononi mwa nani, siku gani? Ikiwa ni mwanamke asiyezoea kutoka, akumbukwe yule Nawawi anayemwita mukhaddara, ambaye halazimishwi kuja mwenyewe. Wakala wake anatosha. Shauri la nafaka ya watoto likiahirishwa, kadhi afaradhishe kitu cha muda siku ile ile, au ampe mama idhini ya kukopa kwa dhima ya baba, ili siku za mtoto zisipotee hewani; na aliandike hilo kabla ya kutaja tarehe ijayo. Mirathi yenye watoto isifutwe kwa kukosekana mlezi. Na shauri likisikilizwa upande mmoja, baada ya ushahidi mdai aapishwe ile yamini ya istidhhari, iandikwe kwa maneno yake kuwa hakulipwa, hakusamehe, wala hakupokea badali, ili ghaibu akirudi kutoka Maskati au Ngazija na risiti mfukoni, akute hoja yake imesubiriwa. Wallahu aalam.